Tupeane uzoefu: wa bara tuliofika pale mto unapoingia baharini

Mzawa wa Hombolo
Wakuu mbukwenyi. Naomba tupeane uzoefu, hasa sisi wa Dodoma, Singida na Manyoni tuliobahatika kufika mlango wa mto, iwe delta ya Rufiji, Wami kule Saadani, Pangani au popote. Nimeanzisha uzi kwa sababu hapa mjini watu wanaona korongo likishusha maji masaa machache mwezi wa kwanza halafu linabaki mchanga mtupu, wanajua yameishia hapohapo. Hayaishi jamani. Maji ya huku kwetu Hombolo ni ya Kinyasungwe, yanashuka Gulwe, yanapita Kidete, yanaungana na Mkondoa upande wa Kilosa, mbele huko yanaitwa Wami na yanaingia bahari ya Hindi pale Saadani. Ya upande wa Mtera yanaenda na Ruaha Mkuu mpaka Rufiji. Yaani mkoa mmoja una milango miwili ya bahari na hatuna habari.

Mimi nilifika Wami. Tulipanda boti juu kidogo, maji ya kahawia kama ya kwetu, viboko wamejaa, mamba wamelala ukingoni, kadiri unavyoshuka miti inabadilika unaanza kuona mikoko imesimama na mizizi yake nje. Kilichonishangaza ni kwamba mto ulikuwa unarudi nyuma, bahari inajaa, takataka na majani yanapanda kuelekea bara. Yule kijana wa boti akachota maji ya juu kwa kikombe akanipa nionje, chumvi kidogo sana. Halafu akafunga jiwe kwenye chupa, kizibo kakifunga kamba ya pembeni, akaishusha mpaka chini ndo akavuta kizibo. Hayo ya chini hayanyweki, ni bahari yenyewe. Maji ya chumvi ni mazito, yanapita chini, ya mto yanaelea juu yake. Tuendelee, na nyie mtupe ya kwenu.

Mama Kongwa
Asante kwa uzi kaka. Mimi ni muuguzi, kwetu Kongwa, ajira yangu ya kwanza nikapangiwa visiwani kwenye delta ya Rufiji, wilaya ya Kibiti. Nimekulia sehemu ambayo ndoo ya maji unaifuata mbali, nikapelekwa sehemu ambayo maji yamezunguka nyumba pande zote na ya kunywa bado ni shida, maana kiangazi mto unapungua nguvu na chumvi inapanda juu sana, visima vingine vinageuka. Masika ndo raha, mto ukijaa unasukuma bahari nje na watu wanachota hapohapo mlangoni.

Kule saa ya ukutani haina kazi, watu wanaenda na maji. Bamvua, yaani siku za mwezi mpevu na mwezi mwandamo, maji yanajaa mpaka karibu na milango na yakipwa yanapwa kwelikweli, vijito vyote vinabaki tope, maji mafu, yaani siku za nusu mwezi, yanakuwa ya katikati tu. Ukitaka kujua kliniki itajaa lini unaangalia mwezi ulivyo. Kuna usiku tulikuwa na mama uchungu umekaa vibaya, anatakiwa kupelekwa mbele, boti ipo, mafuta yapo, nahodha yupo, na maji hayapo. Kijito chote tope. Tukamlaza kwenye mkeka ndani ya boti tukangoja bahari ijae, nimemshika mkono, mama mkwe wake anasoma dua, nahodha kashika pondo analichomeka kwenye tope kila baada ya muda kuangalia limelowa mpaka wapi. Maji yakaanza kuingia kimyakimya, boti ikatikisika, akasema twende. Katikati tukapwelewa kwenye fungu la mchanga, wanaume wakashuka kusukuma kiunoni kwenye maji, mamba wapo na kila mtu anajua wapo. Tulifika. Mtoto alizaliwa hai na mama yake mzima, sasa hivi ni msichana mkubwa.

Nawaheshimu sana wale watu. Mkunga wa jadi wa pale alikuwa akiniambia "mwanangu leo usimtoe mgonjwa mpaka alasiri" na ilikuwa kweli kila wakati.

Kijana wa Ipagala
Shikamoo mama, hii imenigusa sana. Swali, hao watu wanaishi kwa kazi gani huko ndani?

Mrufiji wa Area C
Marahaba kwa niaba ya mama hapo juu 🙏 ngoja nijibu mimi, maana ni mzaliwa wa delta nipo Dodoma kikazi.

Tunalima mpunga, tunavua, tunakata miti, wengi wanafanya vyote kwa zamu. Mpunga upo zaidi upande wa kaskazini ambako maji baridi yanafika. Wazee wanasimulia zamani mkondo mkubwa ulikuwa unatokea kusini, mto ukahama, watu wakaufuata na mashamba. Ukipanda mpunga unajenga dungu, kibanda juu ya nguzo, unaishi humo na familia mnafukuza ndege mchana na nguruwe usiku. Mto ukishatoka kwenye mashamba ya juu unaacha tope lenye rutuba, tunapanda mlau humo, mahindi na mboga, bila mbolea ya duka.

Kaa ndo nilisomea mimi. Maji yakipwa unaingia kwenye mikoko na chuma kirefu kimepinda mwisho, unatafuta tundu lenye tope bichi mlangoni, hilo lina mwenyewe. Unaingiza chuma taratibu mpaka kigonge gamba, kaa anakishika kwa hasira, hapo unavuta bila pupa maana ukivuta kwa nguvu anaacha gando anabaki na uhai wake. Akitoka unamkanyaga mgongoni kwa mguu, unamfunga magando kwa kamba kabla hujamnyanyua, akikushika kidole humsahau.

Na kamba mnaokula hotelini, mama yao anataga baharini, watoto wanaingia na maji ya kujaa wanakulia kwenye mizizi ya mikoko, majani yakianguka yanaoza ndo chakula, wakikua wanarudi nje. Ndio maana naumia mtu akikata mkoko ovyo. Boriti tumekata tangu enzi za majahazi, sawa, ila kuna kuchagua mti na kuna kufyeka eneo zima. Delta yetu ndo yenye msitu mkubwa wa mikoko kuliko sehemu yoyote ya pwani ya Afrika Mashariki, na pamoja na Mafia na Kilwa imeingizwa kwenye orodha ya Ramsar, ile ya ardhioevu muhimu duniani, tangu 2004.

Mchuuzi wa Mtera
Mimi nipo bwawani Mtera nanunua perege napeleka Dodoma na Iringa. Kizigo inatoka kwenu Manyoni inaingia hapa, Ruaha inatoka Usangu inaingia hapa. Miaka mingine maji yanavuta mpaka unatembea mbali kutoka kambi ya wavuvi kufika mtumbwi. Tangu 1993 Ruaha imekuwa inakauka kiangazi kule hifadhini kwa sababu ya maji yanayotumika juu. Sisi huku tunaona tofauti kwenye nyavu, huko chini sijui wanaonaje.

Mrufiji wa Area C
Mkuu, kwetu maji mengi yanaletwa na Kilombero kuliko Ruaha, kwa hiyo hatukauki. Ila sasa hivi lipo bwawa la Mwalimu Nyerere, limeanza kujazwa Desemba 2022, megawati 2,115, umeme tunauhitaji wote. Wasiwasi wangu ni tope. Bwawa lolote linashika tope, na delta imejengwa na tope. Mto ukija msafi sana bahari inakula ukingo. Mafuriko nayo bado yapo, Aprili 2024 Rufiji na Kibiti mashamba yalizama na nyumba pia, kwa hiyo mkulima anataka maji ya kiasi na kwa wakati wake. Wanaofungulia mageti nawaomba wasikilize na watu wa mwisho wa mto.

Bahi Makulu
Wa Bahi tusisahaulike, mto wetu Bubu hauendi baharini kabisa, unaishia hapa kwenye mbuga. Ila ukikaa unaona mambo yaleyale, mto unafika mwisho, unatua tope, maji yanatanda, kuna ndege, kuna kambale, kuna mpunga, na kiangazi chumvi inabaki juu ya udongo. Tope lenyewe linatoka Kondoa, wazee wanakumbuka mradi wa HADO, Hifadhi Ardhi Dodoma, ulioanza 1973 na mifugo ikaondolewa kule 1979 kwa sababu ardhi ilikuwa imeliwa na makorongo.

Mwl Mstaafu
Kondoa na delta zina undugu mwingine vijana. Vita ya kwanza ya dunia manowari ya Wajerumani Königsberg ilijificha kwenye mikondo ya Rufiji, Waingereza wakaipiga mpaka ikazamishwa na Wajerumani wenyewe tarehe 11 Julai 1915. Mizinga ikatolewa kwenye tope na kuvutwa nchi kavu kwa nguvu za watu, na 1916 mzinga wa meli hiyo ulipiga Kondoa Irangi. Wapagazi waliovuta vile vyuma majina yao hayapo kwenye kumbukumbu, na mimi darasani nilikuwa naanza na wao.

Kijana wa Ipagala
Shikamoo mwalimu, hii ya mzinga wa Kondoa sikuwahi kusikia. Wakuu nataka kwenda mwenyewe, napitia wapi?

Mrufiji wa Area C
Panda basi la Dar, halafu la kuelekea Kibiti, ulizia pa kushukia upate usafiri wa Nyamisati, ndipo boti za Mafia zinapotokea na za visiwani pia. Nenda kiangazi barabara ikiwa nzuri. Beba maji ya kunywa yako, kofia, na viatu vya kufunga maana tope linavua ndala. Ukifika usipange saa ya kurudi kabla hujaongea na nahodha, yeye ndo anajua maji yanajaa lini. Nitumie meseji nikuunganishe na watu wa nyumbani wakupokee.

Mama Kongwa
Na kama unaenda nipitie mimi kwanza, kuna mzigo wa dawa za mchafuko wa tumbo na khanga za yule mkunga nataka umpelekee, bado yupo hai.