Ndani anatulia vizuri, nje ya geti hanisikii kabisa

MamaJeki, Tabata
Wakuu, naombeni msaada. Jeki ni mbwa wa kienyeji, ana miezi kumi na moja. Sebuleni nikimwambia "tulia" anabaki kwenye mkeka dakika tatu nzima, hata nikienda jikoni kugeuza chapati. Jumamosi nikamtoa nje ya geti, nikamwambia "tulia" ileile. Hata sekunde mbili hazikufika! Kunguru katua jalalani, Jeki huyo. Ikapita bodaboda, akaifukuza hadi kwa muuza mkaa, na mtoto wa jirani akaanguka kwa hofu. Hakuumia, lakini roho inaniuma mpaka leo. Mama yake nimemwahidi haitajirudia. Nakosea wapi?

Baba Rozi, Kimara
Pole dada. Umeruka ngazi tu. Kwa mbwa, "tulia" ya mkekani na ya barabarani ni vitu viwili. Amri ameishika pamoja na sebule yenyewe. Wangu nilimhamisha taratibu: mlangoni, barazani, uani geti limefungwa, ndipo geti wazi, nimeshika kamba ya mita tano. Kila tulipohama nilianza tena na sekunde tano, nimesimama hatua moja tu kutoka kwake. Ukiongeza muda, usiongeze umbali siku hiyo hiyo. Halafu, akitulia unamwita aje kuchukua zawadi, au unamfuata?

MamaJeki
Namwita, kaka. Nikiwa jikoni kulekule.

Baba Rozi
Hapo ndipo penyewe. Anakaa akisubiri kuitwa, kwa hiyo nje kitu chochote kinamwinua. Mrudie, mpe zawadi palepale alipo, kisha mwachie kwa neno moja lisilobadilika. Mimi nasema "haya!"

Nuru, Kigamboni
Toka na mkeka wake, dada, anaujua. Biskuti nje hazishindani na kunguru; chemsha firigisi, katakata vipande vidogo kama punje ya hindi. Kunguru wenyewe anza nao kwa mbali, pale anapowaona na bado anaweza kukutazama usoni. Akishindwa, rudini nyuma, usimgombeze. Na mchana usimkalishe kwenye lami. Iguse kwa mgongo wa mkono. Ikikuunguza wewe, nyayo zake pia zinaungua.

MamaJeki
Asanteni sana. Kesho saa kumi na mbili asubuhi tunaanza barazani, na mkeka. Geti halifunguliwi mpaka uani aweze dakika nzima. Firigisi nimeshaagiza.