Naombeni ushauri: saladi ya Kitaliano ya mkate na nyanya imenigomea, mama mkwe anafika saa moja jioni

Mnyaki_Ughaibuni:
Wakuu, habari za mchana. Niko Firenze, Italia, mwaka wa tatu sasa. Kwa kimbelembele changu nimemwahidi mama mkwe panzanella, ile saladi yao ya mkate na nyanya. Nyanya zimeiva vizuri, kitunguu chekundu kipo, tango, mrehani, mafuta ya zeituni. Swali langu ni siki tu: vijiko vingapi? Naona kama mambo hayajakaa sawa. Matusi sitaki.

Somo_wa_Ng'ambo:
Mrehani huu huu wa kikuba? Loh! Siku ya harusi yangu nilijaziwa mrehani kichwani mpaka bwana harusi akapiga chafya mbele ya shehe. Kumbe ni mboga.

Jiko_la_Mkaa:
Siki anza na vijiko viwili, uonje. Mkate gani huo, na wa lini?

Mnyaki_Ughaibuni:
Mkate wa kawaida tu mkuu. Turudi kwenye siki.

Baba_Wawili:
Mwanaume mzima unampikia mkwe? Kwetu mkwe hata kumkazia macho hatuthubutu.

Jiko_la_Mkaa:
Mkate wa kawaida huko Toscana, mkoa huo wa Firenze, hautiwi chumvi. Wenyewe husimulia kuwa watu wa mji jirani wa Pisa waliwabania chumvi zamani. Una ganda gumu, na ukilala siku mbili tatu unakuwa tofali. Huo ndio unaolowekwa kwenye maji baridi yenye siki kidogo, kisha unakamuliwa kwa viganja mpaka uchambuke kama machicha ya nazi. Nilipiga kazi jiko la hoteli ya Mtaliano Watamu miaka minne, usinizunguke. Wako ukoje?

Mnyaki_Ughaibuni:
Haya. Ni wa slesi, ule laini wa kwenye mfuko. Na nimeshauloweka, pakiti mbili, tangu saa tano. Kwenye maziwa ya uvuguvugu. Sikuona haja ya kusema maana mkate ni mkate, na maziwa yanaongeza ladha.

Jiko_la_Mkaa:
Yesu wangu.

Baba_Wawili:
Huo sasa ni uji wa mgonjwa. Mtilie sukari.

Somo_wa_Ng'ambo:
Msimcheke. Mama yetu alikuwa halali bila kuhesabu vipande vya boflo vilivyobaki, asubuhi tunachovya kwenye chai ya rangi. Chakula hakitupwi.

Kipanga_Mweupe:
Chai yenyewe ndiyo hii, mkate umeshalowekwa. Leo ni tarehe 15 Agosti, sikukuu yao ya Ferragosto, Italia nzima imefunga maduka na watu wako baharini. Huo mkate ulinunua wapi? Mnyaki yuko Mbalizi, Mbeya, huyo, ana bando la ofa.

Baba_Wawili:
Hahaha! Weka picha.

Mnyaki_Ughaibuni:
Nimenunua kwa Mbangladeshi hapo chini, hafungi hata Krismasi. Mkate wa Toscana ndio sikupata KWA SABABU waoka mikate wamefunga. Picha siweki, sufuria inatia aibu. Ila bado naamini nikikamua vizuri itakubali.

Kipanga_Mweupe:
Hilo la Mbangladeshi nimelikubali. La maziwa bado.

Jiko_la_Mkaa:
Haitakubali, acha ubishi. Pakiti nyingine kanunue, muda upo. Slesi zichane kwa mkono, zikaushe kwenye oveni hadi zilie kama biskuti, wala usiziloweke. Nyanya kata, nyunyizia chumvi, acha nusu saa zitoe maji. Kitunguu kata chembamba, kilale kwenye siki kipungue ukali. Mkwe akishakaa ndipo uchanganye mkate, nao mkate unywe maji ya nyanya. Mafuta na mrehani mwishoni, mrehani uchane, usikate kwa kisu.

Somo_wa_Ng'ambo:
Na ule wa maziwa ukamue, tia yai, jibini ya kusaga, kitunguu saumu na kotimiri, ukaange kama katlesi.

Mnyaki_Ughaibuni:
Nimerudi dukani, slesi ziko ndani ya oveni. Ule wa maziwa nimekamua, limebaki donge la ukubwa wa ngumi mbili, linanata mpaka kwenye pete. Shangazi, yai moja au mawili?

Somo_wa_Ng'ambo:
Moja. Na pete vua, mwanangu.