Re: Barua imekuja, ina neno "precarious". Mwenye kuelewa anisaidie

Kutoka: Binti wa Tanga, Reading
Jumatatu, saa 4 usiku

Shikamooni wakubwa. Wadogo, hamjambo.

Jibu limekuja, kurasa 11. FLR(FP), lile ombi langu la kuendelea kukaa Uingereza, wamenikatalia. Ofisi siitaji, mnaijua, na wengi mna barua zake kwenye droo. Nimeisoma mara tatu nikiwa jikoni, nikaelewa karibu yote isipokuwa neno moja tu, nalo wamelirudia mara 6, nimelipigia mstari kwa kalamu nyekundu: "precarious". Wanasema maisha niliyoyajenga hapa niliyajenga hali yangu ikiwa "precarious", kwa hiyo wanayapa uzito mdogo.

Kwa wasionijua: niliingia 2017 kwa viza ya masomo. 2019 nikahamia kuwa dependant, yaani tegemezi kwenye viza ya mume wangu. Ndoa ikaisha, nikaomba kwa private life, yaani maisha yangu binafsi niliyoyajenga hapa. Sijawahi kukaa hata siku moja bila karatasi. IHS, ile ada ya matibabu ya wahamiaji, nimelipa kila mara hadi akaunti inalia. Kuna bibi jirani namsaidia mambo yake, na nina darasa la Kiswahili la watoto kila Jumamosi kwenye ukumbi wa kanisa.

Mkalimani kaniambia kwa simu kwamba maana yake ni "hali ya hatari". Kwa bahati mbaya mama alikuwa hewani kwenye simu nyingine, kasikia. Sasa Tanga nzima inajua Waingereza wameniita mtu hatari. Mjomba kauliza nimejiunga na kikundi gani.

Maswali ni mawili. Neno hili hasa lina maana gani? Na kwenye maelezo ya rufaa nilikubali au nilipinge? Nina siku 14, na 3 zimeshaisha barua ikiwa imelala kwenye spam.

---

Kutoka: Kaka wa Leicester
Jumatatu, saa 5 usiku

Pole sana dada. Usilie, haya mambo yametupata sote.

Kwanza jaza IAFT-5, fomu ya rufaa, kesho asubuhi, usingoje. Rufaa ya kusikilizwa mbele ya hakimu ni pauni 140, ya makaratasi peke yake ni 80. Mimi nilichagua ya 80 kwa ubahili nikashindwa. Hakimu hakuniona hata sura. Yale maelezo yangu niliyaandika usiku mmoja nikitoka zamu ya ghala, na nikiyasoma leo hata mimi najikatalia. Baadaye nikaanza upya, nikalipa upya, alama za vidole upya, BRP, kadi ya ukaazi, ikaja na jina limekosewa herufi, nikairudisha, ikapotea njiani. Miezi mitano sikuweza kusafiri, na ndiyo miezi aliyofariki ami yangu Kisauni.

Neno lenyewe ni rahisi: hali tete. PINGA. Wewe ulikuwa na viza siku zote, u-precarious utoke wapi? Hilo ni la waliozidisha siku.

---

Kutoka: Mwalimu, Cardiff
Jumanne, saa 1 asubuhi

Kaka wa Leicester, ungesoma sheria kabla ya kuandika kwa herufi kubwa.

Waliozidisha siku wana neno lao: "unlawful", kinyume cha sheria. Liko kwenye kifungu cha 117B(4) cha sheria ya uraia na uhamiaji ya Uingereza ya 2002, sehemu iliyoongezwa 2014. "Precarious" liko 117B(5), na linawahusu watu wenye viza halali. Ndiyo maana wameliandika dadetu. Wamelipata hapo, hawakulitunga kumtukana.

Tena lililofafanua neno hili ni shauri la Mtanzania. Dada aliingia 1997 kama mwanafunzi, akakaa miaka akimuuguza rafiki yake mgonjwa. Shauri likapanda hadi Mahakama ya Juu, hukumu ikatoka Novemba 2018, namba yake UKSC 58, aliyeiandika ni Lord Wilson. Alisema hivi, kwa maneno yangu: yeyote ambaye si raia na anaishi hapa kwa ruhusa isiyo ya kudumu, hali yake ni "precarious". Basi. Uwe umekaa mwaka 1 au 15, uwe umelipa kodi au hukulipa. Kama huna ILR, ruhusa ya kukaa bila kikomo, umo.

Kwa hiyo ukipinga neno hilo, hakimu atakuonea huruma, kisha atageuza ukurasa.

Na huyo mkalimani asamehewe, ila asirudie. "Hali ya hatari" kwa Kiswahili ni ile aliyotangaza Baring, gavana wa kikoloni, kule Kenya Oktoba 1952, wakati wa Mau Mau. Amekutangazia Emergency nyumbani kwako.

"Hali tete" nayo si kitu. Hilo ni la redioni, mpaka wa nchi ukichafuka au kiongozi akilazwa.

---

Kutoka: Mama Wawili, Milton Keynes
Jumanne, saa 3 asubuhi

Mwalimu shikamoo. Lakini umesahau kumwambia kwamba yule dada wa 2018 ALISHINDA. Watu wasije wakakata tamaa.

Mimi na watoto wawili tuko njia ya miaka 10 ya kufikia ILR. Miezi 30, ombi. Miezi 30, ombi. Mara nne, na kila mara IHS ya kichwa kimoja mtu mzima ni pauni 1,035 kwa mwaka, bila kuhesabu ada yenyewe. Kila nikikaribia kumaliza deni la ombi lililopita, linafika jingine. Nimekuja kuona kwamba hali ya mtu aliye kwenye njia hii ni ya kuomba tu, hata sijui niiite nini kwa Kiswahili.

Dada, tafuta mshauri mwenye kibali cha OISC, wasimamizi wa washauri wa uhamiaji, usiandike mwenyewe.

---

Kutoka: Mwalimu, Cardiff
Jumanne, saa 3 na nusu asubuhi

Marahaba. Alishinda kwa hoja nyingine: kujitegemea kifedha. Mahakama ilisema kutegemea rafiki si kutegemea serikali. Kwenye neno "precarious" alishindwa. Tuwe makini.

Na OISC haipo tena. Tangu Januari 2025 inaitwa IAA.

---

Kutoka: Seminari ya Zamani, Leeds
Jumanne, saa 7 mchana

Mama Wawili, umesema "ya kuomba" ukafikiri unalalamika tu. Kumbe umetoa tafsiri sahihi kuliko zote hapa ndani.

Nilitolewa seminari ndogo kidato cha tano kwa kosa la kuruka ukuta, lakini Kilatini hawakuninyang'anya. "Prex" ni ombi, ni sala. "Precarius" ni kile kinachopatikana kwa kuomba. Warumi walikuwa na mkataba wao, "precarium": unaniomba shamba, nakupa, sikutozi kitu wala sikupangii muda. Siku nikilitaka unanirudishia, huna la kudai. Waingereza waliliokota neno hili karne ya 17 wakiwa na maana hiyohiyo, kukaa kwa hisani ya mtu. Hii maana ya kutokuwa imara, kama ngazi inayotikisika, ilifuata nyuma.

Kwa hiyo mimi ningesema: hali ya hisani. Anayekuhisani ndiye mwenye kauli ya mwisho.

---

Kutoka: Wa Bukavu, Glasgow
Jumanne, saa 9 alasiri

Kwa Kifaransa "précaire" ni neno la kila siku, hata kazi ya mkataba wa miezi mitatu tunaiita hivyo. Nilifikiri ninyi watu wa Kiingereza mnalijua. Pole dada, courage.

---

Kutoka: Bi Mkubwa, Southall
Jumanne, saa 2 usiku

Wanangu, nimesoma yote kwa miwani ya mjukuu.

Huyo wa Leeds kanikumbusha babu yangu, Unguja. Hakuwa na shamba. Alikaa chini ya mikarafuu ya mtu, na mwenyewe alikuwa mtu mwema, sikukuu analeta mchele. Ruhusa ilikuwa hivi: panda muhogo, panda kunde, panda viazi, vyote vya kula. Mnazi usipande. Mkarafuu usipande. Muhogo ukishang'olewa pamebaki kichanga, hapana ushahidi. Mnazi unakaa, na kwetu mti una mwenyewe hata kama ardhi si yake. Ukiacha mtu apande mnazi umempa neno la kusema.

Babu alipanda mmoja nyuma ya choo. Aliuficha kwa makuti mpaka ukamzidi kimo. Mwenye shamba alipouona hakugomba. Alimtuma msimamizi na panga, akaukata asubuhi ile ile, mchana akaleta samaki. Babu alikuwa akikisimulia kisa hiki, hapo kwenye samaki ndipo sauti ilipokuwa ikimkatika.

Sijui kama nimejibu lolote. Ndilo lililonijia.

---

Kutoka: Kaka wa Leicester
Jumanne, saa 3 usiku

Bi Mkubwa, shikamoo. Mombasa mpaka leo ni hivyo hivyo. Nyumba yako, ardhi ya mtu. Nyumba unaiuza, unairithisha, unaipaka rangi, ila kila mwezi unapeleka kodi ya kiwanja, na ukitaka kugeuza udongo kuwa matofali unaomba ruhusa. Nyumba ya bibi yangu Majengo iko hivyo. Tulikua tukidhani ni yetu.

Halafu mnashangaa Wapwani tukiongelea ardhi tunapandisha sauti. Wanasiasa huja na hati mikononi wakati wa kampeni.

---

Kutoka: Mchaga Asiyechoka, Aberdeen
Jumanne, saa 4 usiku

Tukiongelea hisani, tuongelee na nyumbani kwetu. Wakenya wana uraia pacha tangu katiba ya 2010. Sisi Watanzania ukichukua pasi ya hapa, ya kwetu umeipoteza, unarudi kwenye msiba wa baba yako kwa viza. Sasa badala ya uraia pacha tumepewa "hadhi maalum". Hadhi gani ya kuombea? Hii nayo si "precarious"? Huku hujawa, kule si wewe tena.

---

Kutoka: Mama Wawili, Milton Keynes
Jumanne, saa 4 usiku

Afadhali hiyo hadhi kuliko ilivyokuwa. Wengine tunataka tu kununua kiwanja Kigamboni bila kupitia jina la shemeji.

---

Kutoka: Mchaga Asiyechoka, Aberdeen
Jumanne, saa 5 usiku

Kiwanja cha jina la shemeji ndiyo tafsiri ya "precarious" tuliyokuwa tunaitafuta. Wangu kajenga fremu mbili za maduka juu yake na ananitumia picha.

---

Kutoka: Msimamizi
Jumatano, saa 12 asubuhi

Jamani. Siasa ina siku yake. Na tafadhali mkijibu kateni barua za nyuma, kuna watu wanasoma kwa bando.

---

Kutoka: Wa Njia ya Miaka 10, Croydon
Jumatano, saa 6 mchana

Mnajadili Kilatini wakati Mei 2025 serikali ilitoa mapendekezo ya kupeleka ILR kutoka miaka 5 hadi 10 kwa watu wa kazi. Yaani kipindi cha kuwa "precarious" kinaongezwa mara mbili. Hapo ndipo pa kuzungumzia.

Dada wa Reading, ungevumilia ukafikisha miaka 10 ya halali mfululizo ungeomba SET(LR), ILR ya ukaazi wa muda mrefu. Ulikuwa na haraka gani?

---

Kutoka: Binti wa Tanga, Reading
Jumatano, saa 3 usiku

Kaka wa Croydon, haraka ilikuwa kwamba niliachwa. Viza ilikuwa ya mume.

Nawashukuru wote. Mama nimempigia nikamwambia si mtu hatari, ni mtu wa hisani. Akauliza hisani ya nani. Nikakata, nikasingizia mtandao.

Nimesoma 117B(5) mpaka mwisho. Inasema "uzito mdogo", haisemi sifuri. Mwalimu, hapo ndipo nataka nisaidiwe. Nikikubali neno, kwenye huo uzito mdogo niweke nini? Bibi jirani anaandika barua ya kuniunga mkono, mkono unamtetemeka, amefika ukurasa wa pili. Darasa la Jumamosi lina watoto 19. Walianza 4. Sasa wanaamkia watu wazima bila kusukumwa, na mmoja juzi kamsahihisha baba yake ngeli mbele ya wageni. Bi Mkubwa, hilo ni muhogo au ni mnazi?

Zimebaki siku 9. Nikubali au nipinge?

---

Kutoka: Mwalimu, Cardiff
Jumatano, saa 3 na nusu usiku

Alisahihisha ngeli gani?

---

Kutoka: Mama Samia Mdogo, Luton
Alhamisi, saa 2 asubuhi

Samahani kuingilia. Kuna anayekwenda Dar kabla ya tarehe 20? Nina dawa za baba na viatu vya shule, kilo 4 tu. Akirudi akinibebea ukwaju nitashukuru.

---

Kutoka: Kaka wa Leicester
Alhamisi, saa 2 asubuhi

Mimi naondoka tarehe 17, napita Dar siku mbili kisha Mombasa. Kilo 4 za mzani au kilo 4 za kwetu?