Carmen Miranda alijidhalilisha au alikuwa kazini tu?

Swali: Wadau huyu mama wa kofia ya matunda, yule mwimbaji na mwigizaji wa zamani, mnamwonaje? Maana kila muvi ya Hollywood ni yuleyule, macho yanazunguka, mikono hewani, Kiingereza cha kuungaunga, Wamarekani wanacheka hadi basi. Si kuiuza Brazili huku?

Jibu: Kwanza kazaliwa Ureno 1909, Brazili kapelekwa akiwa mchanga. Na zile nguo kaziiga kwa wanawake weusi wa Bahia, jimbo la Brazili, wanaouza vyakula mtaani, ila wenyewe Hollywood hawakuitwa, hapo ndo panaponiuma mimi.

Jibu: Hao maprodyuza hawakujali bana, 1940 wamemweka kwenye muvi inayohusu Argentina, nchi ya Kihispania, anaimba Kireno 😂

Jibu: Msimwonee. Mwaka huohuo karudi Rio kutumbuiza kasino ya Urca, ukumbi ukamnunia eti kawa Mmarekani, naye akaja kuwajibu kwa wimbo wa kejeli. Alipofariki 1955 watu wakafurika barabarani kumzika.

Muuliza swali: Sawa ila si angekataa?

Jibu: Akatae ale nini? Hata alipoachana na Fox, kampuni ya muvi iliyomwajiri, muvi ya 1947 kacheza Mbrazili anayejifanya pia Mfaransa, yaani vituko vya mataifa mawili kwa mkupuo.