Naomba ushauri: kuigiza tero buru kwenye filamu fupi

Habarini wenzangu. Mimi ni mwigizaji wa jukwaani hapa Kisumu, na sasa nimejitosa kwenye filamu ya majaribio ya dakika 12. Haina mazungumzo: mwanamke mmoja anacheza tero buru peke yake ufuoni Dunga, alfajiri. Kwa wasioijua, ni desturi ya Waluo ya kufukuza kifo. Mzee akifariki, wanaume hushika mikuki na ngao, huswaga ng'ombe na kupigana vita vya kuigiza. Yaani ni tamthilia tayari, ndiyo maana ilinivuta.

Shida ni baba mdogo kule Seme. Anasema kufukuza kifo pasipo na msiba ni kukiita. Mwigizaji wangu aliposikia neno chira, yaani laana ya kuvunja mwiko, akaanza kusita. Mpiga nyatiti, kile kinubi cha Waluo, naye yuko tayari, mradi asipige wimbo wa matanga.

Nilijaribu kubadilisha mkuki uwe kasia na ngao iwe sufuria. Nilipotazama mazoezi niliyorekodi kwa simu, kikawa kichekesho kitupu.

Kwa aliyewahi kuigiza tambiko: wazee uliwaendea kabla ya mazoezi au kabla ya kurekodi, na ulienda na nini mkononi? Pili, kamera ikae pahali pamoja mwanzo hadi mwisho, kama mtazamaji aliyeketi ukumbini, au itachosha? Mwenye boti nimeshamlipa nusu, tunarekodi Jumamosi ya wiki ijayo.