Mrejesho: sambar imekubali, idli bado

Wakuu nimerudi. Niliuliza mbona sambar yangu (ule mchuzi wa mbaazi na ukwaju), ya kitabu cha Meenakshi Ammal cha mapishi ya Tamil Nadu, kusini mwa India (kile cha 1951), inatoka na ukali wa ukwaju mbichi na haina harufu. Asanteni sana jamani, hasa dada aliyesema niache maji ya ukwaju yachemke na bamia na manjano peke yake mpaka ule ubichi uishe ndo nimimine mbaazi zilizokobolewa nilizozichemsha na kuziponda, hapo ndo palikuwa penyewe! Na mvuje nao (ule utomvu mkavu wenye harufu kali), kipande kidogo tu kwenye mafuta ya moto haradali ikishapasuka, halafu majani ya mchuzi, yani mpaka mama mkwe akaja jikoni kuuliza napika nini. Kukaanga giligilani, dengu na pilipili kavu kila kimoja peke yake pia kumesaidia, uwatu weka mwisho maana unaungua haraka ukaleta uchungu.

Idli, vile vikeki vya mchele vya kupika kwa mvuke, ndo bado. Rojo la mchele na urad (aina ya choroko nyeusi) nililiweka kwenye oveni iliyozimwa, taa inawaka, kama mlivyoshauri, likaumuka kiasi lakini zimetoka nzito, Arusha saa hizi baridi kali. Kwa sasa sambar tunaila na wali na sufuria inaisha.