Filamu ya ndondi za ridhaa: kumfuata bondia mmoja, au kufukua kanda za 1987 na 1988?

Kamera_Eastlands: Hamjambo wakuu. Nina kamera moja, mwenzangu wa sauti na bajeti finyu. Nataka filamu ya hali halisi kuhusu mabondia wetu kwenye mashindano ya kimataifa. Nimfuate bondia mmoja wa hapa Nairobi tangu mazoezini hadi apande ulingo ugenini, ama nisimulie Hit Squad ya zamani, timu yetu ya taifa ya ndondi, kwa mahojiano na kanda za wakati ule?

MwanaKaloleni: Hit Squad, bila kusita. Michezo ya Afrika ya 1987 ilifanyika hapa hapa, na Kenya ikazoa dhahabu 8 kati ya 12 za ndondi. Mwaka uliofuata kule Seoul, Robert Wangila akatwaa dhahabu ya Olimpiki, Chris Sande shaba. Wangila alituaga 1994 baada ya pigano Las Vegas. Walioshuhudia wanazidi kupungua. Warekodi sasa, hata kama filamu itangoja.

Mhariri_Usiku: Hadithi ni nzito kweli, ila picha za Olimpiki ni mali ya Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, na haki za kuzitumia hulipiwa. Ukiwa na bajeti finyu, dakika chache tu zitakumaliza.

Binti_Glavu: Mimi namtetea bondia mmoja, lakini usiijenge filamu juu ya medali. Haya ni mashindano ya mtoano: raundi tatu, majaji watano, na maandalizi ya miezi yanaweza kuishia siku ya kwanza. Kaa jimu. Mtazame kocha akimfunga bondia bendeji, akipitisha kitambaa katikati ya vidole, akikaza kifundo, huku akimsemesha kwa sauti ya chini. Maikrofoni ndogo mvalishe kocha, maana ya bondia italoa jasho na kukwaruzwa na glavu. Halafu fikiria uso: tangu Rio 2016 wanaume hawavai kofia ya kinga kwenye Olimpiki, wanawake bado wanavaa. Ukimchagua mwanamke, na ningefurahi sana, picha zake za karibu utazipata kabla hajavaa kofia, si katikati ya pigano. Elizabeth Andiego alifika London 2012, na bado wasichana wetu hawaonekani kwenye filamu.

Mhariri_Usiku: Na waandikie waandaaji mapema. Bila kibali chao utapigia picha jukwaani pamoja na mashabiki. Pia jaribu Docubox, wako hapa Nairobi na husaidia filamu za aina hii.

Kamera_Eastlands: Shukrani. Basi namfuata bondia wa kike, na wakongwe nitawahoji humo humo jimu, wakiwa na albamu zao za picha. Kuna anayemjua kocha huko Kariobangi atakayevumilia kamera kila jioni?